Mkono Uliokuwa Nyuma ya Kuni

Ukuta wa lipu uliokaa na vumbi miezi mingi, ukimwagiwa maji, hutoa harufu yake peke yake. Si ile ya ardhi ikipata mvua ya kwanza, ingawa watu wengi huzichanganya. Hii ni nzito zaidi, ina saruji ndani yake na kuvu, na inakaa kooni. Jumamosi moja majuzi mwenye nyumba wangu hapa Mugumu aliamua ghafla kwamba kuta zetu zinamtia aibu, akawasha pampu na kuanza kuosha upande wa barabarani. Nilikuwa napita na beseni la nguo. Harufu iliponifikia nililiweka beseni chini, nikasimama pale kama mtu aliyeitwa jina lake na marehemu.

"Vipi dada, unaumwa?" akaniuliza.

"Vumbi tu," nikamjibu.

Nilimdanganya. Ningemwambia nini? Kwamba mtu mzima, mfanyakazi wa halmashauri, mama wa watoto wawili, akinusa lipu iliyolowa husahau alikokuwa anakwenda? Angecheka, na mimi ningechukia, na bado tunachota maji bomba moja. Afadhali niwaeleze ninyi wa rika langu, mliolelewa kwenye nyumba ambazo mtoto hakuambiwa kitu, akaachwa ajitungie mwenyewe.

Nilikulia Susuni. Nyumba yetu ilikuwa ya matofali ya kuchoma na bati, imepigwa lipu ndani na nje. Siku hizi hilo si la kutangazia watu, lakini wakati ule upande wetu wa kijiji nyumba ya lipu ilikuwa kitu cha kuonyeshwa wageni. Nayo haikuwa lipu laini. Ilikuwa ya kurushia, ile ambayo fundi anachota mchanganyiko wa saruji na mchanga kwa mwiko na kuutupa ukutani kwa nguvu mpaka ung'ang'anie, na ukikauka ukuta mzima unakuwa na vipele kama mgongo wa chura. Bibi aliipenda kwa sababu aliambiwa inaficha nyufa. Hakuambiwa kwamba inatunza uchafu kuliko kitu kingine chochote duniani. Kila kipele kilikuwa na kibonde chake, na kila kibonde kilikuwa na vumbi lake jekundu, mayai ya buibui na masizi ya kibatari.

Tulikuwa watatu ndani ya nyumba hiyo. Kulikuwa na Bibi, mrefu, mkavu, mwenye sauti iliyofika kwa jirani kabla yeye mwenyewe hajafika. Kulikuwa na Mama, ambaye jina lake ni Bhoke, na ambaye alimwita Bibi "mama" na kumtii kama askari. Na mimi. Ukutani sebuleni kulikuwa na picha ya Babu, mume wa Bibi, aliyefariki zamani sana, amevaa koti kubwa kuliko mabega yake. Mwanamume mwingine hakuwepo, na hakuna aliyenieleza kwa nini.

Basi nikajieleza mwenyewe. Kama Bibi ni bibi yangu, lazima alikuwa na mtoto wa kiume, na mtoto huyo ndiye tata, yaani baba yangu. Na kama hayupo nyumbani, yuko migodini, maana nusu ya akina tata wa wenzangu darasani walikuwa migodini. Nilimpa koti kama la Babu na baiskeli. Nikampa pia vidole. Mimi nilizaliwa na vidole vya mwisho vilivyopinda, mkono wa kulia na wa kushoto, vimeegemea vidole vya jirani kana kwamba vinavinong'oneza. Vya Mama vilikuwa vimenyooka. Vya Bibi vilikuwa vimenyooka. Wenzangu shuleni walivicheka, nami nikawaambia ni vya tata, na kwamba huko migodini anavitumia kuchokolea dhahabu kwenye nyufa za mawe. Waliniamini. Hata mimi mwenyewe niliamini.

Jioni moja Bibi alitukalisha sebuleni.

"Jumamosi wanakuja," akasema. "Shemeji yangu Marwa na wazee wawili wa ukoo. Nitawaambia mbele ya macho yao kwamba nikifa, nyumba hii na shamba vinabaki kwa Bhoke na mtoto wake. Wakubali, waandike, wasaini. Sitaki wakute nyumba chafu waseme hata nikiwa hai nimeshindwa kuitunza."

"Na wakikataa, mama?" Mama akauliza polepole.

"Wakikataa, siku nitakayozikwa ndiyo siku mtakayofunga mizigo. Kwa hiyo sugueni."

Nilikuwa na miaka tisa au kumi, lakini hilo nililielewa vizuri kabisa. Usiku huo niliwaza tungelala wapi. Kwa akina Mama hapakuwa na nafasi. Kaka zake walikuwa wameoa na kuzaa mpaka jikoni. Niliona wazi kwamba kati yetu na barabara kulikuwa na kitu kimoja tu, nacho ni ukuta ule, na ukuta ule ulikuwa mchafu kupita kiasi.

Tulisugua siku tatu. Kama hujawahi kuosha lipu ya kurushia usidhani ni sawa na kufuta dirisha. Kwanza unapitisha fagio kavu kuondoa utando na vumbi la juu, maana ukilimwagia maji unapata matope. Halafu unalowesha kuanzia chini kwenda juu. Watu wengi hukosea hapo. Ukianza juu, maji machafu yanatiririka kwenye ukuta mkavu na kuacha michirizi ambayo haitoki hata ufanyeje. Chini kwanza, ndipo juu, ndipo unasugua, na mwisho kabisa unasuuza kutoka juu kwenda chini. Bibi alisimama nyuma yetu na fimbo yake akisema, "Chini kwanza! Chini kwanza! Mnataka kuichora pundamilia?"

Ndani kulikuwa na masizi juu ya kila mahali palipokaa mshumaa au kibatari, na nyuma ya benchi kulikuwa na mstari mweusi wa mafuta ya vichwa vya watu wote waliowahi kuegemea pale kwa miaka. Mstari huo tuliupaka majivu na sabuni, tukauacha unywe, tukausugua kwa brashi ya viatu. Dodoki halikufaa, vipele vililirarua mara moja. Kwenye vibonde nilitumia mswaki wa zamani, kimoja kimoja, mpaka ngozi ya viungo vya vidole vyangu ikatoka. Mama aliitazama mikono yangu akataka kuninyang'anya mswaki. Nikakataa. Tulipoiondoa picha ya Babu nyuma yake kulikuwa na mraba msafi kabisa, rangi ya mchanga, nikashangaa kujua kwamba nyumba yetu yote ilizaliwa na rangi ile.

Nje ndiko kulikuwa na kazi. Mvua za kwetu zinapiga udongo mwekundu na kuurusha ukutani mpaka usawa wa kifua cha mtoto, mwaka baada ya mwaka, tabaka juu ya tabaka. Chini ya mdomo wa bati palikuwa na ukoga wa kijani. Tulibeba maji kutoka kisimani mpaka nikaota naanguka na ndoo. Tuliosha mbele, tukaosha upande wa zizi, tukaosha upande wa migomba. Tulipofika nyuma, kwenye kona ya tangi la maji ambako kuni zilipangwa kila siku mpaka dirishani, Mama alisimama.

"Hapo acha."

"Pachafu, mama."

"Wageni hawafiki huko. Acha kuni zikae."

Aliyasema haya bila kunitazama, akachukua ndoo na kuondoka. Nilidhani amechoka. Nilimwonea huruma, na moyoni nikamlaumu kidogo kwa uvivu.

Jumamosi walikuja. Mzee Marwa alikuwa mdogo wa marehemu Babu, mnene, mwenye kofia ya pama na redio ndogo mfukoni. Wazee wawili wengine sikuwajua. Niliwaamkia wote, nikawanawisha mikono, kisha Bibi akanitoa nje kwa macho. Mlango ukafungwa nusu. Nilibaki uani nimevaa gauni la kanisani, nikisikiliza sauti zikipanda na kushuka.

Ndipo nikamsikia Mzee Marwa akisema, "Nyumba umeitunza shemeji, siwezi kukataa. Tukimaliza kula tutaizunguka yote tuione."

Jasho lilinitoka. Tutaizunguka yote! Nikaona jinsi watakavyofika kwenye kona ile, watakavyoona tope la miaka kumi nyuma ya kuni, watakavyosema kumbe huyu mama ameosha usoni tu. Nikaona mizigo yetu barabarani. Sikumwita mtu. Nilikimbia nyuma, nikaanza kuhamisha kuni, mbilimbili, tatutatu, nikazitupa kwenye nyasi. Maji ya sabuni yalikuwa yamebaki nusu ndoo. Brashi ilikuwa pale pale.

Chini kwanza. Nililowesha, nikapanda juu, nikaanza kusugua kama mtu anayefukuzwa. Tope lilitoka kwa vipande. Na katikati ya ukuta, juu kidogo ya kichwa changu, brashi ilitumbukia.

Palikuwa na shimo pale, si la panya wala la tofali lililobomoka. Nilichokoa kwa mswaki, udongo ukatoka, likatokea umbo refu, halafu lingine sambamba, halafu lingine. Nikamwaga maji. Kilichobaki mbele yangu kilikuwa mkono. Mkono wa mtu mzima, kiganja na vidole vitano, umekandamizwa kwenye lipu ilipokuwa mbichi, vipele vyote vimelala chini yake. Na kidole cha mwisho kilikuwa kimepinda, kimeegemea jirani yake.

Niliganda. Nakumbuka kuku alipita, nakumbuka povu likinitiririka kwenye kiwiko. Nilisimama juu ya gogo nikaweka mkono wangu ndani ya ule. Ulizama wote ukabaki na nafasi, lakini kidole changu kililala kwenye njia yake bila kulazimishwa. Nilikuwa nimemtunga tata kichwani mwangu miaka yote, na sasa alikuwa ukutani, na alikuwa kweli.

Sijui furaha ya namna ile huwa inakwenda wapi ikiisha. Nilikimbia na mikono imejaa povu, nikausukuma mlango, nikaingia katikati ya wazee na sahani zao.

"Bibi! Bibi! Nimeuona mkono wa tata! Uko ukutani nyuma ya kuni! Una kidole kama changu!"

Nilitegemea wasimame wafurahi. Mama, aliyekuwa anapitisha bakuli la mchuzi, aliliachia. Halikupasuka, lilikuwa la bati. Lilizunguka zunguka sakafuni likalia mpaka likatulia. Uso wa Mama ulikuwa na rangi ya majivu. Bibi hakusogea hata kidogo.

"Tata gani?" Mzee Marwa akauliza.

"Tata wangu. Aliyeko migodini."

Mzee Marwa aliwatazama wenzake, akaweka tonge chini, akatoka. Wote wakamfuata. Nilikwenda mbele yao kuwaonyesha njia, maskini mimi, nikijivuna.

Alipouona mkono alisimama. Aliukaribia, akavua kofia, akapitisha kidole chake kwenye kile kilichopinda. Kisha akanishika mkono wangu, akaugeuza juu na chini kama mtu anayekagua ndama mnadani.

"Mkono huu naujua," akasema. "Aliyenipigia mimi sakafu ndiye huyu. Athumani, fundi wa Mugumu. Ni wa wale Waislamu ambao babu zao walitoka pwani." Akamgeukia Bibi. "Shemeji, sisi tulikuambia nini?"

"Mliniambia mengi."

"Tulikupa Chacha, mwanangu mimi, damu ya ukoo huu. Tukasema huyo ndiye atakayemwingilia mkeo, ili mtoto awe wetu. Miaka yote hii tunajua mtoto ni wa Chacha!"

"Niliwaambia mtoto amezaliwa," Bibi akasema. "Mengine mlijaza wenyewe."

Niliwatazama mmoja mmoja. Maneno yote niliyasikia, na hakuna hata moja lililoingia. Mkeo? Mke wa nani?

"Lakini tata yuko migodini," nikasema. Sauti yangu ilitoka ndogo.

Mzee mmoja aligeuka pembeni. Mzee Marwa alinitazama, na nakiri kwamba kwa mara ya kwanza uso wake ulikuwa na huruma. "Mwanangu, nani amekudanganya? Bibi yako huyu hajawahi kuzaa mtoto wa kiume. Hakuna mtu migodini. Hakuwepo hata siku moja."

Wakurya wenzangu mmeshaelewa. Kwa wengine niseme kwa ufupi. Kwetu mwanamke asiye na mtoto wa kiume anaweza kutoa ng'ombe akaoa mwanamke mwingine, ili nyumba yake isizimike. Tunaita nyumba ntobhu. Watoto wanaozaliwa ni wa yule mama mkubwa na jina la marehemu mume wake. Mwanamume aliyewazaa hana chake. Mama yangu alikuwa ameolewa na Bibi. Kijiji kizima kilijua, na kwa kuwa kila mtu alijua, hakuna aliyefikiri kuniambia.

Mimi nilijua siku ile, nikiwa na povu mkononi, kwa muda mfupi kuliko wa kula sahani ya ugali. Tata wa migodini alikufa. Tata mwingine akazaliwa ukutani, fundi ambaye sijawahi kumwona. Na mwenye mama yangu alikuwa Bibi. Nikakaa kwenye zile kuni nilizozitupa. Sikulia. Nilikuwa nimeshtuka mno hata machozi hayakujua pa kupitia.

"Mtoto huyu si damu yetu," Mzee Marwa akasema. "Shamba la kaka yangu haliwezi kwenda kwa mtoto wa fundi mpita njia."

"Chacha alimpiga Bhoke siku ya kwanza aliyokuja," Bibi akasema. "Alikuja amelewa, akampiga mlangoni kwangu. Nilimfukuza kwa fimbo hii. Hilo hakukusimulia?"

Mzee Marwa alikohoa.

"Basi sikilizeni," akasema baadaye, akiwa ameongea na wenzake pembeni. "Hatutaki kuonekana tunafukuza watoto. Lakini mkono huu ukibaki hapa, kila atakayepita atasema nyumba ya ukoo wetu ina alama ya mtu mwingine. Ufutwe. Leo, sisi tukiwepo. Na aufute huyu huyu aliyeufukua, ili ajue yeye ni wa wapi. Akikataa, hatusaini."

Mama alitoa sauti. Haikuwa neno.

"Bhoke," Bibi akasema, "saruji ya kuziba tangi ilibaki. Ikoroge."

Nilimtazama Bibi kwa mshangao ambao siwezi kuuelezea hata leo. Nilidhani atawafukuza kwa fimbo kama alivyomfukuza Chacha. Badala yake alisimama wima akisubiri. Mama alileta karai, akamimina saruji na mchanga, akakoroga kwa chepe, machozi yakimdondokea humo humo. Alinipa mwiko. Vidole vyake vilikuwa vya baridi.

"Fanya, mwanangu," akaninong'oneza. "Fanya tupate pa kulala."

Nikapanda juu ya gogo. Nilianza na kidole gumba. Nilichota kidogo, nikakandamiza, kikajaa. Nikafuata cha pili na cha tatu. Nilikuwa nimekaa na baba wa kweli labda nusu saa, na sasa nilikuwa namziba kwa mkono wangu mwenyewe, kidole kwa kidole, wazee watatu wakinitazama mgongoni. Kile kilichopinda nilikiacha mwisho. Nilipokifikia mwiko ulinigomea. Nikageuka kumtazama Mama, naye akafumba macho. Nikakiziba. Kisha nikajaza kiganja, na ukuta ukawa na kiraka kibichi, laini, cheusi kidogo, katikati ya vipele.

"Vizuri," Mzee Marwa akasema. "Sasa tunaweza kwenda ndani tukaandika."

"Bado," Bibi akasema.

Alinishusha kwenye gogo. Akampa Mama fimbo yake. Akakunja mkono wa gauni mpaka kwenye kiwiko, akaukaribia ukuta, na kabla mtu yeyote hajaelewa, akakandamiza mkono wake mzima kwenye saruji mbichi. Alisukuma kwa uzito wake wote mpaka mshipa wa shingo ukamtoka. Tulisikia saruji ikilalamika chini ya kiganja. Kisha akauondoa, akageuka na mkono ukiwa juu, unadondosha.

"Mlitaka kujua tata wa mtoto huyu ni nani. Huyo hapo," akasema. "Ng'ombe waliomleta Bhoke walitoka zizini kwangu. Hawakutoka kwako, Marwa. Hawakutoka kwa Chacha wala kwa fundi. Nilimwoa mimi. Nikamlinda mimi. Mtoto alipougua surua niliyembeba mpaka Tarime ni mimi. Kama kuna mwingine aliyeoa mwanamke huyu, aje aweke mkono wake juu ya wangu, saruji bado mbichi."

Hakuna aliyesogea. Mzee Marwa alikuwa mdomo wazi, redio yake ikikoroma mfukoni. Mmoja wa wale wazee, aliyekuwa hajasema chochote tangu asubuhi, aliitikia kwa kichwa taratibu.

"Mura, ndugu yangu, ng'ombe hawadanganyi," akamwambia Mzee Marwa. "Sisi wote tulikuwepo wakitoka. Twende tukasaini."

Wakasaini. Mzee Marwa alisaini wa mwisho, akakataa chai, akaondoka bila kuizunguka nyumba.

Kabla jua halijazama tulikuwa watatu uani, tunarudisha kuni. Si kwenye ukuta. Bibi alisema zipangwe kwingine. Mama alizibeba mbilimbili kifuani. Mwishowe akaweka kuni chini.

"Mama, nisamehe. Nilidhani hujui. Alikaa hapa wiki tatu tu akipiga lipu. Alikuwa mpole. Aliuweka mkono ule kucheza, siku ya mwisho, nikashindwa kuuharibu. Nikauficha, kuni hazikupungua pale hata siku moja."

"Uliuficha wewe?" Bibi akacheka kicheko kikavu. "Bhoke, kuni ulizikuta pale. Nani alizipanga mara ya kwanza?"

Mama akaziba uso kwa mikono yote miwili. Bibi aliendelea na kazi. Niliwatazama wanawake hawa wawili, waliofichiana kitu kimoja mahali pamoja kwa miaka yote ya maisha yangu, na nikahisi kwamba sikuwa nimewahi kuwaona kabla ya siku ile.

Asubuhi nilikwenda kumwamkia kama kawaida. Alikuwa amekaa mlangoni kwake juani, miguu imenyooka mbele, anajaribu kubandua saruji iliyokaukia kwenye mistari ya kiganja na chini ya kucha. Nilisimama mbele yake. Mdomo ulikuwa wazi na salamu haitoki, kwa sababu sikujua tena namwamkia nani. Aliniacha nisimame. Hakunisaidia.

"Shikamoo, tata," nikasema.

Aliinua kichwa. Alinitazama muda mrefu, macho makavu yale yale, na kidevu chake kikaanza kutetemeka.

"Marahaba," akaitikia, akaninyooshea mkono wenye saruji. "Njoo unioshe, mwanangu. Polepole, unauma."